Bandika, Nenda Zako

Kijana wa kwenye tangazo amevaa sweta. Tuanze na hilo sweta, maana matatizo yangu yote yanaanzia hapo. Yupo mahali pa baridi, anakunywa kitu cha moto, simu yake inakaribia kuzima, wala hana wasiwasi. Anatoa kibetri chembamba, anakisogeza mgongoni mwa simu, sumaku inadaka, tk!, kazi imeisha. Hakuna waya, hakuna kutafuta tundu gizani. Anatia vyote viwili mfukoni na kwenda zake huku akitabasamu. Chini yanatokea maneno: bandika, nenda zako.

Sasa mlete huyo kijana Dar es Salaam mwezi wa pili. Mvue sweta, mpandishe daladala ya Mbagala saa nane mchana, abiria wamebanana, dirisha la karibu yake halifunguki, konda anaimba kwamba nyuma kuna nafasi. Halafu mpe ile simu yenye betri mgongoni aishike mkononi. Nataka nimwone akitabasamu.

Maana jambo wasilolisema kwenye tangazo ni kwamba kitu kile kinapika. Dakika za mwanzo ni uvuguvugu wa kistaarabu, hata unajisifu kwamba kumbe kweli inafanya kazi. Baada ya hapo unaanza kuihamisha simu, mkono wa kulia, mkono wa kushoto. Ukiitia mfuko wa suruali, paja linalalamika. Ukiitia mfuko wa shati, kikaratasi kilichokuja ndani ya boksi kinakuonya kwamba mwenye kifaa cha kusaidia mapigo ya moyo asikae nayo karibu. Apple wao wanataja zaidi ya sentimita 15, na zaidi ya 30 kama simu inachajiwa bila waya. Mzee mwenzangu, pima mwenyewe: mfuko wa shati uko sentimita ngapi kutoka moyoni?

Na simu yenyewe si mjinga. Ikiona joto limezidi, inaweza kugoma kupokea chaji ikifika asilimia 80, ikakuandikia kwamba itaendelea ikishapoa. Ikishapoa! Februari! Walioitengeneza wameandika wazi kwamba itumike mahali penye nyuzi joto 0 hadi 35. Kwa hesabu hiyo sisi wa Pwani tunachungulia mpaka wa masharti kila kiangazi, na ndani ya daladala tumeshauvuka kabla hata nauli haijakusanywa.

Betri yenyewe niliinunua Kariakoo, Mtaa wa Aggrey, ambako ukisimama kidogo tu mbele ya kioo cha duka umeshakuwa mteja. Kijana wa dukani aliniamkia vizuri, shikamoo mzee, nikaitikia marahaba, akaniuliza swali ambalo hakuna mwanaume aliyepokea mshahara wiki hiyo anayeweza kulijibu kwa ukweli.

"Unataka ya kawaida au ya kisasa?"

Ya kawaida ni ile nene tuliyoizoea, yenye waya wake unaoning'inia. Ya kisasa akaitoa kwenye boksi kwa vidole viwili, akaipangusa, akachukua simu yangu mkononi bila kuomba. Ni iPhone 12 iliyotumika, nililetewa kutoka Dubai. Hizi ndizo iPhone za kwanza kuwekewa duara la sumaku mgongoni, mwaka 2020. "Mzee, simu yako inakubali," akasema kwa sauti ya pongezi. Akabandika. Akaigeuza simu kichwa chini miguu juu, akaitikisa mpaka wapita njia wakasimama kutazama. "Ona. Haibanduki!"

Kweli haikubanduka. Dukani haibanduki. Hakuna anayekusukuma, hakuna mfuko wa kubana, hakuna jasho. Inabanduka pale unapoichomoa mfukoni kwa haraka: simu inatoka, betri inabaki, unazungumza na mkubwa wako wa kazi huku kitu kinateremka ndani ya mguu wa suruali. Na mara nyingine haibanduki moja kwa moja, inasogea tu pembeni kidogo. Hapo ndipo pabaya zaidi, maana inaendelea kupata moto na vitaa vyake vinawaka kwa uaminifu mkubwa, lakini simu haipati kitu cha maana. Unafika nyumbani na betri tupu, simu tupu, na paja lililoiva.

Turudi dukani. Boksi lilikuwa limeandikwa 10,000 kwa tarakimu kubwa kuliko jina la kampuni. Kijana akapiga hesabu kwa kikokotoo: betri ya iPhone 12 ni milliampea-saa 2,815, gawanya, "unachaji mara tatu na nusu, mzee, chenji inabaki." Akataja Sh 80,000, nikacheka kama inavyopaswa kucheka, tukamalizana kwa Sh 55,000. Nyumbani nikavaa miwani ya kusomea na kuigeuza ile betri mgongo. Kule chini kabisa, kwa herufi za kijivu juu ya plastiki ya kijivu, kulikuwa na mstari mwingine: uwezo halisi wa kutoa, 5,800.

Sikukasirika mara moja. Niliuliza kwanza. Mpwa wangu aliyesomea umeme akanieleza kwamba si wizi, ni desturi ya dunia nzima. Ile 10,000 inahesabiwa kwa volti 3.7 za seli zilizo ndani, nazo zinafanya jumla ya wati-saa 37. Umeme ukipandishwa kufika volti 5 za kutokea, ile namba lazima ishuke, na njiani kuna ushuru unaokatwa. Hapo ni kwa waya. Kwa sumaku kuna ushuru mwingine juu yake. Akakadiria kwamba kwa waya ningejaza simu yangu karibu mara tatu, kwa sumaku nikipata mara mbili nishukuru. Nikamwuliza, kama ni desturi, mbona ile 10,000 haikuandikwa kwa kijivu juu ya kijivu? Akasema anko, hilo si swali la umeme.

Lakini alinieleza vizuri, na nitawapa bure kile kilichonigharimu soda mbili. Watu wengi wanadhani sumaku ndiyo inayochaji. Sumaku haichaji kitu. Zile sumaku ndogo ndogo zilizopangwa duara kazi yake ni kushika tu, zikuelekeze mahali pa kubandika. Kuna koili ya waya ndani ya betri, na koili nyingine mgongoni mwa simu. Umeme unapochezacheza kwenye koili ya kwanza, unazaa umeme mwingine kwenye koili ya pili bila koili hizo kugusana. Mwingereza Michael Faraday alilionyesha jambo hilo mwaka 1831, na ndiyo kazi inayofanywa na transfoma iliyoko juu ya nguzo mtaani kwenu. Koili zikikabiliana sawasawa, sehemu kubwa ya umeme inavuka. Zikipishana kidogo, au katikati pakiwa na kitu kinene, unaopotea unaongezeka, na unaopotea haupotei kimya kimya: unageuka joto. Kwa hiyo lile joto la pajani ni umeme wangu. Nimeununua, nimeubeba, na sasa unaniunguza.

Ukitaka kuumia vizuri, fuatilia safari yake. Maji ya Mto Rufiji yanazungusha mitambo ya Bwawa la Julius Nyerere, mradi wa megawati 2,115. Umeme unatoka pale kwa waya mpaka Chalinze. Kutoka Chalinze unaingia mjini kwa waya. Unashuka kwenye nguzo, unaingia nyumbani kwangu, unafika kwenye soketi ya ukutani, vyote kwa waya. Kutoka soketi unaingia kwenye ile betri kwa waya, maana ndani ya boksi la kifaa kisicho na waya kulikuwa na waya. Umevuka mapori na mito, umebakiza milimita chache tu uingie kwenye simu yangu, ndipo anatokea mtu na shahada yake anasema: hapa sasa tuondoe waya.

Halafu kuna suala la kava. Yeye aliyebuni ule mgongo wa sumaku hajui kwamba mgongo wa simu kwetu una kazi nyingine. Nyuma ya kava ndipo benki ilipo. Nyuma ya kava yangu kuna noti ya elfu kumi iliyokunjwa mara nne, ile ya kurudia nyumbani mambo yakiharibika. Kuna kitambulisho cha Taifa. Kuna picha mbili za pasipoti, maana hujui ofisi gani itakudai picha saa ngapi. Kuna kadi ya benki. Betri ya sumaku haitaki yote hayo. Noti peke yake inaweza kuivumilia, lakini ukirundika karatasi na kadi, koili zinaachana, sumaku inalegea, na joto linaongezeka juu ya kitambulisho chako. Ile kadi yenye mstari mweusi wa sumaku nayo si vizuri kuilaza juu ya sumaku, inaweza kufutika, kisha ukasimama mbele ya mashine ya kutolea pesa ukitazamana nayo.

Kwa hiyo ilinibidi nihamishe vyote. Noti ikaenda kwenye soksi. Kitambulisho kikaenda kwenye pochi, na pochi ndiyo kitu ambacho vibaka wa stendi wamesomea. Kava lenyewe nikaambiwa halifai, ni nene, nikanunua jingine lililoandikwa kuwa lina duara la sumaku. Lina duara kweli, jeupe, zuri. Limechorwa.

La tatu ndilo linalodaka, na limegharimu kama protekta mbili.

Nyumbani nako kuna mambo. Mama watoto anashona. Jioni moja naitafuta betri kila mahali, chini ya mto, juu ya kabati, ndani ya viatu. Nauliza watoto, wanaapa. Nakuja kuiona juu ya cherehani, imejaa pini kila upande mithili ya nungunungu. Aligundua kwamba ikipitishwa sakafuni inaokota pini zote zilizodondoka, hata zile zilizojificha kwenye ufa wa vigae, ambazo kwa miaka tulikuwa tukizitafuta kwa nyayo. Nikaanza kumweleza habari ya Faraday. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Sasa baba, si umesema mwenyewe sumaku haichaji? Basi niachie sumaku, wewe chukua hiyo nyingine."

Tangu hapo, kila asubuhi kabla ya kubandika napitisha kidole kwenye mgongo wa betri. Siku ambayo sikupitisha, mgongo wa simu ulichorwa mstari kutoka kamera mpaka chini.

Hayo ni ya ndani ya nyumba. Ya nje ni mazito zaidi, kwa sababu mtu mwenye pawabenki ni mali ya umma. Hilo lilikuwepo tangu enzi za zile zenye waya, lakini zamani ulikuwa na pa kujificha: "Ndugu yangu, waya wangu hauingii kwenye simu yako." Mazungumzo yakaisha, heshima ikabaki pande zote. Hii isiyo na waya imeniondolea udhuru. Kila mtu anaona inabandikwa tu, na kila simu ina mgongo.

Nenda nayo msibani uone. Tumekaa chini ya turubai, watu wanapiga simu kwa jamaa wa mikoani, chaji zinaisha. Nimejitenga pembeni, nimeibandika kwa siri, nimeweka mkono juu. Shemeji mmoja ameniona. "Shemeji, naomba hata asilimia kumi, nimpigie kaka anayekuja na basi." Utamnyima nani kwenye msiba? Nikampa. Akaibandika kwenye simu yake, ikateleza ikaanguka kwenye mkeka. Akabandika tena, akaishikilia kwa vidole vyote vitano, akasubiri. Akatazama skrini. "Mbona haiingizi?"

Nikamweleza kwamba simu yake haina koili. Simu nyingi tunazotumia hapa, zile za bei tunazoziweza, hazina koili mgongoni, kwa hiyo hata uifunge betri kwa kamba, haitapita chaji. Zipo zilizoanza kuwekewa, kama Infinix Note 40 Pro ya mwaka 2024, lakini ya kwake si hiyo. Nikamweleza pia kwamba mwaka 2023 watu wa viwanda walitangaza utaratibu mmoja wa sumaku unaoitwa Qi2, uliojengwa juu ya ufundi wa Apple, ili betri moja itumike kwa simu za kampuni mbalimbali. Na kwamba hata hivyo Samsung walipotoa Galaxy S25 mwaka 2025 hawakuweka sumaku ndani, ukizitaka unanunua kava lenye sumaku. Nilikuwa nimechangamka, naona somo linaingia.

Shemeji akanirudishia betri yangu kwa mikono miwili. Baadaye nikamsikia nyuma ya turubai, kwa sauti ile ambayo watu hudhani ni ya chini: "Huyu bwana mchoyo kweli. Kanipa pawabenki kaizima, halafu kaanza kunipa historia."

Mjomba wetu aliyekuja kutoka kijijini alikuwa amekaa pembeni na kitochi chake kifuani. Akauliza kuna nini. Akaelezwa. Akakitoa kitochi, akakitazama. "Hiki nilikichaji Jumapili." Ilikuwa Ijumaa. Wote wakamwendea yeye kuomba kupiga.

Sasa nifikie jambo lenyewe, nalo ni LUKU.

Zamani nilikuwa na kitu kimoja cha kuchaji. Sasa ninavyo viwili. Simu inaidai betri, betri inaudai ukuta, ukuta unaidai LUKU, na LUKU inanidai mimi. Wati-saa 37 haziingii kwa dakika moja, ni kazi ya saa kadhaa, na usiku mmoja umeme uliisha kabla betri haijala chochote. Uniti ziliisha, si kukatika. Kile kidude cha ukutani kilikuwa kimelia jioni nzima, kila mtu nyumbani akidhani mwenzake atashughulika. Giza. Simu yangu asilimia nne. Pawabenki kitaa kimoja, kinakonyeza.

Ili nipate umeme lazima ninunue uniti. Ili ninunue uniti lazima nitumie simu. Ili simu iwake lazima nipate umeme. Nilisimama sebuleni nikauona mduara huo wote, ukiwa umekamilika kuliko ule uliochorwa kwenye kava.

Nikanunua haraka haraka. Asilimia tatu. Ujumbe ukaja: namba 20, zimepangwa nne nne. Binti yangu akashika kalamu na daftari la hesabu, kaka yake anamulika kwa kiberiti, mama watoto kasimama kwenye kidude cha ukutani, kidole tayari. Mimi ndiye msomaji. Nikaona nijihadhari, nikabandika betri. Tk! Hapo hapo mchoro wa kuchaji ukatokea mbele ya namba zangu, mkubwa, mzuri, unapumua. Nikasubiri uondoke. Ukaondoka. Nikasoma kundi la kwanza. La pili. "Polepole, baba!" La tatu. Mkononi nasikia joto linapanda, nikajua kazi inafanyika, tatizo sikujua inafanyika upande gani. Kile kitaa kimoja kikazima. Nikaanza kundi la nne, nikasema "sita", skrini ikawa nyeusi.

Watoto walicheka. Mimi sikucheka. Niliipapasa ile betri gizani, ilikuwa ya moto kiasi cha kufukuzia ubaridi wa Makambako.

Aliyetuokoa ni kijana wa bodaboda anayeegesha kwenye kona yetu. Ana kichajio kwenye usukani wa pikipiki, na waya. Waya mfupi, umefungwa gundi ya nailoni mahali palipochanika. Akachomeka, akapiga stata, simu ikaamka, tukasoma namba zote 20 chini ya mwembe kwa mwanga wa taa ya pikipiki. Nilipomshukuru akaangalia mkono wangu. "Lakini mzee, si una pawabenki?"

Nilinyamaza. Kuna maswali ambayo ukiyajibu unalala saa nane.

Nimejaribu kusafiri nayo pia. Kwenye uwanja mmoja wa ndege mkaguzi aliishika, akaigeuza, akaniuliza ina wati-saa ngapi. Ni haki yake kuuliza: haya mabetri ya lithiamu hayaruhusiwi kwenye mzigo unaokwenda chini, unayabeba mwenyewe, na kikomo cha kawaida ni wati-saa 100. Yangu 37 haina shida. Shida ni kwamba zile herufi za kijivu juu ya kijivu zilikuwa zimeshafutwa na jasho la mkono wangu, ile 10,000 kubwa iko kwenye boksi, na boksi liko nyumbani limewekewa vifungo vya mashati. Nikaanza kumpa ile hesabu ya volti 3.7. Foleni nyuma yangu ikaguna. Shemeji yangu anayeishi Muscat ananicheka. Yeye hupitia Dubai, na Emirates tangu Oktoba 1, 2025 wamekataza kutumia pawabenki ndani ya ndege: unabeba moja, inatulia ilipo, haichaji wala haichajiwi. Anasema amesafiri na ya kwake safari nzima ikiwa baridi kabisa. Naona wivu.

Wiki iliyopita nilipita tena Aggrey, si kununua, napita tu. Betri nilikuwa nayo mkononi, imeunganishwa na simu kwa kiwaya kifupi, maana ina tundu pembeni, na kwa tundu inachaji upesi, haipiki, wala haijali nyuma ya kava kuna nini. Noti yangu imerudi mahali pake. Kijana wa dukani akaniona kabla sijamwona.

"Shikamoo mzee! Mbona umeitia waya? Hiyo ni ya kubandika."

Nikamwambia inachoma.

Akatikisa kichwa kwa huruma, akainama chini ya kaunta, akaibuka na boksi. "Hizo za zamani ndivyo zilivyo. Imeingia mpya, mzee. Unabandika vile vile, ila hii ina feni ndani. Inajipooza yenyewe." Akaibonyeza, ikaanza kuvuma.

"Na hiyo feni," nikamwuliza, "inatumia umeme wa wapi?"

"Wa humo humo, mzee."